Maana na Matumizi ya Jina "Tanzanaiti" katika Kiswahili

1.0 Utangulizi

Majina ya vito katika Kiswahili yana historia ndefu. Almasi, yakuti, zumaridi, akiki na lulu ni maneno yaliyoingia kwa njia ya Kiarabu, ilhali feruzi lina asili ya Kiajemi. Maneno hayo yalifika pwani pamoja na bidhaa zenyewe, na leo ni vigumu kumpata msemaji anayeyahesabu kuwa mageni. Jina tanzanaiti lina historia ya kinyume. Jiwe lenyewe linatoka katika ardhi ya nchi ambayo lugha yake ya taifa ni Kiswahili, na mzizi wa jina ni jina la nchi hiyohiyo. Lakini jina liliundwa New York, kwa Kiingereza, kisha likarejea nyumbani kama neno la mkopo.

Makala haya yanachunguza asili ya jina hili, umbo lake la kimatamshi na kisarufi, na maana zake katika matumizi. Hoja kuu ni kwamba neno tanzanaiti lina fasili tatu zinazoshindana: ya rangi, ya mahali na ya taifa. Kamusi isiyozitenganisha fasili hizo haimsaidii mtumiaji, na anayeumia zaidi ni yule anayelitegemea neno katika riziki yake.

2.0 Asili na Muundo wa Jina

Tanzanaiti ilianza kujulikana mwaka 1967 katika vilima vya Mirerani, wilayani Simanjiro, katika eneo ambalo sasa ni Mkoa wa Manyara. Maandishi mengi ya kigeni humtaja Manuel de Souza kuwa mgunduzi, kwa kuwa ndiye aliyesajili madai ya uchimbaji mwaka huo; Serikali ya Tanzania kwa upande wake ilimtambua rasmi Jumanne Ngoma mwaka 2018. Kwa hiyo swali la nani aliyeliona jiwe na swali la nani aliyelipa jina yamekuwa na majibu tofauti tangu mwanzo.

Uchunguzi wa kitaalamu ulionyesha kwamba jiwe hilo ni aina ya zoisaiti, madini yaliyokwisha kupewa jina na Abraham Gottlob Werner mwaka 1805 kwa heshima ya Sigmund Zois, kabaila wa Ljubljana aliyekuwa mfadhili wa utafiti wa madini. Hata hivyo, kampuni ya vito ya Tiffany & Co., iliyoanza kulitangaza jiwe hilo mwaka 1968, haikulipenda jina la zoisaiti. Inaelezwa kwamba matamshi yake yalikaribiana mno na neno la Kiingereza lenye maana ya kujiua. Ndipo likaundwa jina jipya.

Kimofolojia, jina hilo lina sehemu mbili: shina lililotolewa katika Tanzania na kiambishi tamati chenye asili ya Kiyunani ambacho lugha za Ulaya hukitumia kuundia majina ya miamba na madini. Ikumbukwe kwamba shina lenyewe lilikuwa changa. Muungano wa Tanganyika na Zanzibar ulifanyika tarehe 26 Aprili 1964, na jina Tanzania likaanza kutumika rasmi mwezi Oktoba mwaka huo. Hivyo basi, ndani ya tanzanaiti mna vipande vya majina ya nchi mbili, ingawa jiwe lenyewe huchimbwa katika ukanda mmoja tu wenye urefu wa kilomita chache.

3.0 Tahajia na Matamshi

Katika maandishi ya Kiswahili hupatikana maumbo mawili: tanzanite na tanzanaiti. Umbo la kwanza limechukua tahajia ya Kiingereza bila kuigusa. Msomaji anayefuata kanuni za Kiswahili hana budi kulisoma ta-nza-ni-te, silabi nne, mkazo ukiwa kwenye ni. Lakini wasemaji hawatamki hivyo. Wanalolitamka ni ta-nza-na-i-ti, silabi tano, mkazo ukiwa kwenye i. Kwa mantiki hiyo, umbo la kwanza huandikwa kwa namna moja na kusomwa kwa namna nyingine, hali ambayo tahajia ya Kiswahili sanifu haiikubali.

Umbo la pili limetoholewa kwa kufuata sauti. Irabu unganifu ya Kiingereza imegawanywa katika silabi mbili, na irabu i imeongezwa mwishoni ili neno lisiishie kwa konsonanti. Njia hiyo ndiyo iliyofuatwa katika setilaiti na boksaiti. Umbo hili linastahili kuwa kidahizo, na lile la kwanza libaki katika majina ya pekee yaliyokwisha kusajiliwa, mathalani Daraja la Tanzanite lililofunguliwa Dar es Salaam mwaka 2022.

Ikumbukwe pia kwamba utohozi si njia pekee ya kuyapa madini majina. Kiswahili kina kinywe na ulanga, maneno yanayoishi hadi leo katika shughuli za uchimbaji. Aidha, kinywe hupatikana katika miamba ileile inayobeba tanzanaiti. Mchimbaji wa Mirerani basi hutoboa mwamba wenye jina la kwao ili alifikie jiwe lenye jina lililotoka ng'ambo.

4.0 Upatanisho wa Kisarufi

Tanzanaiti imeingia katika ngeli ya I-/ZI-, kama ilivyo almasi: tanzanaiti hii imekatwa, tanzanaiti hizi zimekatwa. Hata hivyo, mara nyingi neno hili halisimami peke yake. Hutanguliwa na mojawapo ya nomino tatu, na kila nomino huonyesha jicho linalolitazama jiwe.

(a) Madini ya tanzanaiti. Haya ni matumizi ya sheria, utawala na takwimu. Neno huchukuliwa kuwa jina la kitu kisichohesabika.

(b) Jiwe la tanzanaiti. Haya ni matumizi ya machimboni na sokoni. Jiwe huhesabika na lina mwenyewe. Mwezi Juni 2020, Saniniu Laizer alipoiuzia Serikali vipande viwili vya kilo 9.27 na kilo 5.10 kwa zaidi ya shilingi bilioni 7.7, kilichozungumzwa nchini kote kilikuwa mawe mawili.

(c) Kito cha tanzanaiti. Haya ni matumizi ya sonara na mnunuzi. Jiwe limekwisha kukatwa na kung'arishwa.

Mpangilio huu unafuata safari ya kitu chenyewe kutoka mgodini hadi kidoleni. Jina ni moja, lakini thamani hubadilika kila nomino tangulizi inapobadilika.

5.0 Fasili Tatu Zinazoshindana

5.1 Fasili ya rangi

Katika biashara ya kimataifa, tanzanaiti ni zoisaiti yenye rangi ya buluu au ya zambarau. Fasili hii inaonekana kuwa wazi, lakini ina tatizo. Mawe mengi hutoka ardhini yakiwa na rangi ya kahawia. Hupata ubuluu baada ya kupashwa moto kwa nyuzi zipatazo 500 hadi 600 za Selisiasi, kutokana na mabadiliko ya vanadi iliyomo ndani yake kwa kiasi kidogo. Iwapo rangi ndiyo sifa bainifu ya lazima, basi mchimbaji aliyetoa jiwe la kahawia bado hajatoa tanzanaiti, na jina linamwangukia mwenye tanuri badala ya mwenye sururu. Wachimbaji wa Mirerani, wanaojulikana kama wanaapolo, hawalitumii neno hivyo; kwao jiwe ni tanzanaiti tangu linapotoka katika mwamba.

5.2 Fasili ya mahali

Fasili ya pili huliona jina kuwa tangazo la asili: tanzanaiti ni jiwe la Tanzania. Hii nayo haitoshi. Longido, kaskazini mwa Tanzania, kuna zoisaiti ya kijani yenye vipande vya yakuti nyekundu, na hakuna aiitaye tanzanaiti. Huitwa anyolaiti, jina ambalo huelezwa kuwa limetokana na neno la Kimaasai la rangi ya kijani. Kutoka Tanzania basi ni sharti mojawapo tu.

Isitoshe, majina ya vito si ushahidi wa kutegemewa wa asili yake. Tsavoraiti ilipatikana kwanza Tanzania mwaka 1967, lakini ikapewa jina la Tsavo nchini Kenya mwaka 1974, baada ya kupatikana huko pia. Vivyo hivyo, jina la Kifaransa la feruzi hutokana na Uturuki, ilhali jiwe lilichimbwa Uajemi na kupitia Uturuki likielekea sokoni. Jina la kito huweza kumtaja mchimbaji, na huweza pia kumtaja mchuuzi.

5.3 Fasili ya taifa

Fasili ya tatu ni ya kiishara. Tanzanaiti hutajwa kama johari ya taifa, kitu kisichopatikana kwingine duniani. Daraja limepewa jina hilo, na timu ya taifa ya mpira wa miguu ya wasichana walio chini ya umri wa miaka 20 pia. Ukuta wenye urefu wa takriban kilomita 24 uliojengwa kuzunguka machimbo na kuzinduliwa mwaka 2018 ni tafsiri ya maana hii kwa mawe na saruji: kitu chenye jina la nchi hakina budi kulindwa kama mpaka wa nchi. Maana hii ina nguvu, lakini ni ya sitiari, nayo haiwezi kumwambia mnunuzi kama kilicho mkononi mwake ni tanzanaiti au kioo.

6.0 Fasili Inayopendekezwa

Kutokana na uchambuzi huu, kidahizo kinaweza kupangwa hivi:

tanzanaiti nm [i-/zi-] 1. aina ya zoisaiti yenye vanadi, ichimbwayo Mirerani nchini Tanzania, ambayo huwa ya buluu au zambarau kwa asili, au huwa ya kahawia na kugeuka buluu ipashwapo moto. 2. kito kilichokatwa kutokana na jiwe hilo. 3. (kisitiari) kitu cha thamani kinachohesabiwa kuwa fahari ya Tanzania.

Fasili hii inatanguliza maumbile ya jiwe na mahali litokapo, inalikubali jiwe la kahawia, na kuiweka sitiari mahali pake.

7.0 Hitimisho

Imeonyeshwa kwamba tanzanaiti ni neno la mkopo lenye shina la nyumbani, kwamba umbo lake sanifu linapaswa kufuata matamshi, na kwamba maana yake imeachwa kwa muda mrefu mikononi mwa soko. Kiswahili hakikushiriki kulipa jiwe hili jina. Bado kina nafasi ya kulifasili. Nafasi hiyo si ya wanaleksikografia peke yao. Mchimbaji anapoambiwa kwamba jiwe lake la kahawia "si tanzanaiti bado", kinachopimwa ni neno kabla ya jiwe, na asiyekuwa na fasili ya neno hilo hana mizani yake.