JE, ZIKO NYOTA ZIWAKAZO KWA MAADA YA GIZA?

Aliyepata kulala Mbita, upande wa Homa Bay, au Karungu, upande wa Migori, ameziona taa za wavuvi wa omena zikimetameta ziwani usiku usio na mwezi. Aliye ufukoni huona nuru tu. Kama taa yawaka kwa mafuta au kwa betri, hawezi kukata shauri. Na wanafalaki wa leo wana mushkili kama huo.

Jua letu lawaka kwa hidrojeni inayogeuka kuwa heliamu. Lakini mwaka 2008 Douglas Spolyar, Katherine Freese na Paolo Gondolo walitoa rai kwamba nyota za mwanzo huenda ziliwaka kwa maada ya giza, ile isiyotoa nuru, nayo yakisiwa kuwa mara 5 ya maada tuijuayo. Chembe zake, wasema, zikikutana huangamizana zikatoa joto. Joto hilo hulizuia wingu la gesi lisijikunje, na nyota ikabaki kubwa mno, hata ikaweza kufikia uzito wa majua milioni moja. Na ajabu ni kuwa kuni zenyewe hazifiki sehemu 1 katika 1000 ya uzito wake! Zikiisha, nyota huporomoka ikawa shimo jeusi. (Ndugu zetu wa Malindi wana fungu lao katika khabari za mashimo hayo: satelaiti Uhuru, iliyorushwa baharini kwao tarehe 12 Desemba 1970, ilisaidia kulitambua lile la Cygnus X-1.)

Hiyo ni dhana. Hoja yake i wapi? Mwaka 2023 Cosmin Ilie, Jillian Paulin na Freese walisema kuwa vitu vitatu vilivyoonwa na darubini ya James Webb, ambavyo wengi wavihesabu kuwa makundi ya nyota, vyaweza kuwa nyota za namna hii. Kipambanuzi walichokitaja ni alama ya heliamu katika nuru yao. Mwaka 2025 ikadaiwa kuwa dalili ya alama hiyo imeonekana katika kitu cha nne, JADES-GS-z14-0. Lakini mwaka huo huo darubini ya ALMA, iliyoko Chile, ilikuta oksijeni papo hapo, na oksijeni hupikwa ndani ya nyota za kawaida.

Wenye rai wajibu kuwa labda nyota yao imo katikati ya nyota nyingine. Yamkini. Ila alama yenyewe ni dhaifu, nasi twaona hapana haja ya kuipokea mpaka ionekane waziwazi.