Sauti ya Kiswahili Ndani ya Picha ya Kigeni

Filamu nyingi za Uhindi, Uchina na Marekani zimewafikia wakazi wa Dar es Salaam kwa sauti ya msimulizi wa Kiswahili. Lufufu alikuwa miongoni mwa wasimulizi mashuhuri, na kazi za namna hiyo ziliuzwa Kariakoo, kwanza katika kanda za video, kisha katika diski za DVD. Leo kijana wa mtaa huohuo aweza kutaka wahusika wa mchezo wa kompyuta nao waseme Kiswahili. Hana budi kuelewa kanuni chache za fizikia.

Sauti ni mtetemo wa hewa. Kompyuta haihifadhi mtetemo wenyewe, bali huupima mara nyingi kila sekunde na kuandika kila kipimo kwa tarakimu. Sikio la binadamu husikia hadi mitetemo 20,000 hivi kwa sekunde, nayo kanuni yadai kwamba vipimo vizidi maradufu ya idadi hiyo. Ndiyo sababu diski za muziki, yaani CD, hutumia vipimo 44,100 kwa sekunde. Video aghalabu hutumia 48,000.

Hapo ndipo kosa huzaliwa. Tuseme usimulizi wa dakika 10, yaani sekunde 600, umerekodiwa kwa vipimo 44,100. Mchezo ukiusoma kana kwamba ni 48,000, utakwisha baada ya:

600 × 44,100 ÷ 48,000 = sekunde 551 hivi

Sauti itakuwa nyembamba, na kufikia mwisho maneno yatakuwa yameitangulia picha kwa sekunde 49.

Kosa hutambuliwa kwa dalili zake:

1. Sauti haisikiki kabisa. Chunguza jina na aina ya faili. Mchezo huliita faili kwa jina. Herufi moja ikibadilika, halipatikani.

2. Sauti na midomo hupishana kwa kiasi kilekile tangu mwanzo hadi mwisho. Mwanzo wa rekodi umesogea; punguza au ongeza kimya.

3. Tofauti huongezeka kadiri muda unavyopita. Idadi ya vipimo hailingani. Ibadilishe kwa programu ya kuhariri sauti.

Kabla ya yote, hifadhi nakala ya faili la awali. Tena, usiwagawie wengine mchezo uliobadilishwa bila ruhusa ya mwenye haki.

ZOEZI: Usimulizi wa dakika 4 uliorekodiwa kwa vipimo 48,000 unasomwa kwa 44,100. Utachukua sekunde ngapi? Sauti itakuwa nene au nyembamba?

JIBU: Sekunde 261 hivi; sauti itakuwa nene.