Wastani Unaweza Kukudanganya

Kipima mvua si kigumu: milimita 1 ni lita 1 ya maji kwa kila mita mraba ya shamba. Kigumu ni hesabu. Tuseme mvua ya Novemba kwa miaka mitano ilikuwa milimita 60, 40, 480, 70 na 50. Hiyo 480 ni ya El Niño, kama ile ya 1997. Jumlisha, ugawe kwa 5: wastani ni 140. Nilimwonyesha mama kwa majivuno. Akacheka, "We, hiyo 140 ilinyesha mwaka gani?" Kweli, haikunyesha hata mmoja! Basi nikazipanga kuanzia ndogo, nikachukua ya katikati: 60.

"Kwa 60," akasema mama, "ningepanda mtama. Mahindi yangekauka."