Je, kitabu cha wakimbizi kitamuumiza mwanafunzi wangu?

Swali: Nafundisha darasa la pili. Nimepokea mtoto aliyekimbia vita na familia yake. Nikiwasomea wanafunzi kitabu cha picha kuhusu wakimbizi, si nitamtonesha kidonda?

Jibu: Utamtonesha ukimgeuza yeye kuwa somo, mwalimu. Usimtaje, wala usimtake asimulie ya kwao. Kipitie kitabu kwanza peke yako, maana picha hubeba yale yaliyoachwa na maneno. Katika The Journey cha Francesca Sanna (2016), maandishi yanasema mama haogopi, lakini mchoro unamwonyesha akilia msituni wakati watoto wamelala mikononi mwake. Aliyewahi kulala njiani atauelewa ukurasa huo kabla yako.

Mimi ningeanza na Four Feet, Two Sandals (2007). Wasichana wawili katika kambi ya Peshawar, Pakistan, kila mmoja amepata kiatu kimoja cha jozi ileile, wanakubaliana kuvaa kwa zamu. Watoto wa umri huo watakuwa na mengi ya kusema hapo, mkimbizi na asiye mkimbizi.

Vyote viwili vimeandikwa kwa Kiingereza, basi simulia kwa Kiswahili huku ukionyesha picha. Na mtoto akitaka kutoka nje, mruhusu bila kumuuliza kitu.