Kabla ya Mwanzo Kulikuwa na Nini? Machafuko katika Ulimwengu wa Elric

Wanaosoma vimbweta vya jirani na mimi wanajua kwamba muhula huu nina ugonjwa mmoja: riwaya za Michael Moorcock, Mwingereza aliyezaliwa London mwaka 1939. Wenzangu wa kozi wananicheka. Mtu wa ualimu, mitihani imeshabisha hodi, unasoma habari za mfalme mwenye upanga unaokunywa roho za watu! Nimeona niwajibu kwa maandishi, maana ndani ya riwaya hizo kuna wazo moja ambalo lingenisaidia sana mwaka jana nilipokwenda mazoezi ya kufundisha.

Wazo lenyewe ni machafuko, yale yaliyokuwepo kabla ya vitu vyote. Tuanze na neno, kwa sababu hapo ndipo tunapojikwaa. Ukisikia machafuko, kichwani zinakuja fujo za watu: mawe, matairi yanaungua, maduka yamefungwa. Lakini mvuvi akisema bahari imechafuka, hasemi kwamba ndani ya maji kuna mtu mbaya. Anasema maji hayashikiki, ya chini yamekuja juu. Nadhani mvuvi yuko karibu zaidi na watu wa kale. Wababeli walisimulia kwamba kabla ya mbingu na nchi palikuwa na Apsu, maji baridi, na Tiamat, maji ya chumvi, yakiwa yamechanganyika. Baadaye mungu Marduk akampasua Tiamat vipande viwili, na mwili wake ndio ukaupa ulimwengu juu na chini. Kwa Wagiriki, mshairi Hesiod anaanza na Khaos, na neno hilo wakati ule halikuwa na maana ya vurugu. Linahusiana na kuachama, kama mdomo unaopiga miayo. Ni mwanya, yaani nafasi ambayo bado haijajazwa.

Moorcock alilichukua wazo hili akalifanya nguvu hai. Hakuwa wa kwanza. Mmarekani Poul Anderson alishaandika vita ya Sheria na Machafuko katika Three Hearts and Three Lions. Ila kwa Moorcock jambo limekwenda mbali. Katika ulimwengu wa Elric, ambaye hadithi yake ya kwanza ilitoka mwaka 1961, Sheria na Machafuko yanavutana, na kati yao kuna Mizani. Angalia vizuri, sikusema wema na uovu. Alama ya Machafuko ni mishale minane inayotoka katikati kwenda kila upande. Ya Sheria ni mshale mmoja ulionyooka. Mimi alama hizo zilinifundisha kuliko kurasa nyingi: Machafuko ni kila kinachowezekana, vyote kwa mpigo, bila kuchagua, Sheria ni kuchagua kimoja na kuviacha vingine. Sheria ikitawala peke yake unapata ulimwengu tasa, hakuna kinachoota. Machafuko yakitawala peke yake, kila kitu kinageuka kila dakika, kwa hiyo hakuna kinachodumu hata ukipe jina.

Na hili la pili si mchezo. Katika Stormbringer, riwaya ya mwaka 1965, Machafuko yanameza nchi baada ya nchi, bahari na ardhi vinapoteza umbo. Zarozinia, mke wa Elric, anageuzwa mwili kuwa kama wa funza mkubwa, uso ukibaki wake. Anajitupa mwenyewe juu ya upanga wa mumewe. Nilifunga kitabu nikaenda kutafuta chai. Kwa hiyo anayeniambia machafuko ni uhuru tu, aanzie kwenye ukurasa huo.

Michezo iliyofuata ilirithi wazo hili. Dungeons & Dragons ya mwaka 1974 ilimtaka mchezaji achague Sheria, Machafuko au kukaa katikati; Warhammer, iliyoanza 1983, nayo ina Machafuko yake na mishale minane ileile. Kwa maoni yangu huko Warhammer yamekaribia kuwa jina jingine la ushetani, na utamu umepungua.

Sasa mazoezi ya kufundisha. Nilipewa Historia, Kidato cha Kwanza, na kipindi cha asili ya binadamu. Wiki ya kwanza binti mmoja wa nyuma alinyoosha mkono akauliza kwa Kiswahili: “Mwalimu, kabla ya hapo kabisa kulikuwa na nini?” Jibu sikuwa nalo. Nikajificha kwenye sheria ya shule: uliza kwa Kiingereza. Darasa likacheka, akakaa. Wiki zilizobaki nilikuwa na darasa kimya kabisa, na msimamizi aliyekuja kunikagua akanipa alama nzuri kwa nidhamu ya wanafunzi. Nilifurahi, sifichi. Ila nikiuliza swali, hakuna aliyenyoosha mkono. Yule binti hakuuliza tena mpaka naondoka.

Nilikuwa na mshale mmoja. Darasa la watu zaidi ya sitini bila mshale huo ni balaa, nalijua hilo, na sina mpango wa kuacha watoto wapande madawati. Lakini swali lake lilikuwa mwanya, na mimi niliuziba kwa sababu niliuogopa.

Elric mwenyewe alilelewa chini ya Machafuko, bwana wake ni Arioch, mmoja wa wakuu wao, na bado mwishoni anapigania Sheria. Anapuliza pembe mara ya tatu, dunia ya kale inaisha, mpya inaumbwa, na mizani inaonekana angani. Sheria imeshinda. Kisha upanga wake, kitu cha Machafuko, unamuua na kurukia ndani ya dunia hiyo mpya.

Mwezi wa saba narudi mazoezini, shule nyingine. Nimeomba tena Kidato cha Kwanza, na kipindi cha kwanza nitaanza na swali la yule binti, kwa Kiswahili, nikiwa na Tiamat na ule mwanya wa Wagiriki mkononi.