Sir Bartle Frere na Kengele ya Kisauni

Sir Bartle Frere, aliyepata kuwa Gavana wa Bombay, alitumwa Unguja mwaka 1872 kumtaka Seyyid Barghash akomeshe biashara ya watumwa baharini. Seyyid alikataa, naye Frere akaondoka mikono mitupu. Aliyeupata mkataba, tarehe 5 Juni, ni Dr. John Kirk, balozi wa Kiingereza aliyebaki Unguja, tena kwa tishio la kukizingira kisiwa kwa manowari. Jambo hili husahauliwa mara nyingi. Hata hivyo jina lililodumu Mombasa ni la Frere. Mwaka 1875 wamisionari wa C.M.S. walianzisha Frere Town huko Kisauni, ng'ambo ya Mji wa Kale, pawe makao ya watumwa waliookolewa majahazini. Kengele yao ingalipo, na mahali penyewe huitwa Kengeleni.