Kuwathibitisha Wazee Wetu: Mafunzo Niliyopata Ibra, Sur na Nizwa

Tangu Januari 2024, Mwomani aliyefikisha miaka 60 ana haki ya malipo ya uzeeni ya riali 115 kwa mwezi kutoka Mfuko wa Hifadhi ya Jamii. Haki hiyo imo katika sheria iliyotangazwa kwa Amri ya Sultani namba 52 ya 2023, pamoja na riali 10 kwa kila mtoto, riali 130 kwa mwenye ulemavu na riali 80 kwa yatima na mjane. Malipo ya uzeeni si sadaka ya maskini. Mzee haulizwi kama ana shamba la mitende au hana. Swali kubwa analokutana nalo ni moja: je, wewe ndiye?

Kwa familia zetu swali hilo lina mizizi mirefu. Wazee wengi wa mikoa ya Sharqiyah na Dakhiliyah walizaliwa Unguja, Pemba, Tabora, Mombasa au Bujumbura. Waliondoka kwa makundi baada ya Mapinduzi ya Zanzibar ya Januari 1964, wengine wakapitia Cairo, Dubai, Kuwait au Uingereza, na wengi wakarejea Oman baada ya Sultan Qaboos kushika nchi tarehe 23 Julai 1970 na kuwaita Waomani waliokuwa nje. Kila kituo cha safari hiyo kiliwapa karatasi, na kila karatasi iliandika jina na mwaka kwa namna yake.

Mimi ndiye karani wa ukoo wetu, kwa sababu nasoma Kiarabu na Kiingereza na nina subira ya foleni. Nimemsajili mama, ami zangu, mashangazi na majirani kadhaa. Haya ndiyo niliyojifunza.

1. Mfuko haukutambui, unakulinganisha

Wazee wetu huingia ofisini na habari za ukoo: mimi binti wa fulani, wa Ibra ya chini, baba yangu alikuwa na duka Mkunazini, Unguja. Karani husikiliza kwa adabu, kisha huomba namba ya kiraia iliyo kwenye bataka, yaani kitambulisho. Akiibonyeza, kompyuta huleta yaliyokwisha kuandikwa na idara ya hali ya kiraia ya Polisi ya Oman, ile ambayo hapa tunaiita Ahwali. Jina, tarehe ya kuzaliwa, hali ya ndoa, watoto: yote yanatoka huko.

Kwa hiyo anayelipa hana uwezo wa kukusahihishia jina, hata akikuonea huruma. Kosa hurekebishwa pale lilipoandikwa. Siku hizi mzee akiniita, kabla ya fomu yoyote namwomba bataka, naisoma neno kwa neno kwa sauti, naye ananiambia kipi ni sawa na kipi si sawa. Robo saa hiyo imetuokoa safari nyingi.

2. Jina la ng'ambo na jina la Oman lazima yaunganishwe kwa karatasi

Cheti cha Zanzibar kina majina matatu: la mtu, la baba na la babu. Bataka ya Oman inataka bin au binti, na mwishoni kabila. Aliyekuwa Salim Said Khamis pale Vuga, Unguja, amekuwa Salim bin Said bin Khamis Al Maskari hapa Ibra. Sisi tunajua ni mtu mmoja, lakini kompyuta haijui.

Hapo hujaongeza tahajia. Cheti cha Mwingereza kimeandika Seif, bataka inasema Saif. Waliozaliwa Burundi wana hati za Kifaransa zenye Souleiman na Rachid. Majina yetu ya Kiswahili ndiyo yanayopata taabu zaidi, kwa kuwa hati za Kiarabu hazina herufi za sauti zote. Shangazi yangu Pili anasomeka Bili, na jirani yetu Chausiku kila hati imemwandika kivyake. Mwanamke aliyeishi Uingereza huenda alichukua jina la mume kwenye pasipoti, desturi isiyokuwepo Oman, ambako mke hubaki na jina la baba yake maisha yote.

Dawa ni kujenga mnyororo wa hati. Cheti kipya cha kuzaliwa cha Zanzibar hutolewa na Wakala wa Usajili wa Matukio ya Kijamii, uliotokana na sheria namba 3 ya 2018. Kisha hati inathibitishwa huko huko, inapita kwa wawakilishi wa Oman, Ubalozi wa Dar es Salaam au Ubalozi mdogo wa Zanzibar, ndipo ifasiriwe Kiarabu na mfasiri mwenye leseni. Hati ya Uingereza ina njia fupi: muhuri mmoja wa apostili, kwa kuwa nchi zote mbili zimo kwenye mkataba wa The Hague wa 1961.

Angalizo moja kubwa: mpe mfasiri nakala ya bataka. Usipompa, ataandika jina kama anavyolisikia, nawe utalipa fedha zako kununua tahajia nyingine.

3. Mwaka wa kuzaliwa una bei

Wazee wetu wengi hawakuzaliwa hospitalini. Walizaliwa mwaka wa mvua kubwa, au wakati wa vita vya Hitler. Walipofika Oman karani alihitaji tarehe, na pasipo na hati palikadiriwa. Ndiyo maana nyumba moja ina ndugu watatu waliozaliwa wote tarehe mosi Januari.

Kabla ya 2024 jambo hili lilikuwa la kuchekesha. Sasa lina hesabu. Riali 115 kwa mwezi ni riali 1,380 kwa mwaka. Mtu ambaye bataka imempunguzia miaka mitatu atasubiri haki yake akiwa tayari ni mzee, na hasara yake ni riali 4,140.

Ushahidi upo, ila umetawanyika: daftari la shule, barua ya kuajiriwa na serikali ya kikoloni, kadi ya kliniki, pasipoti ya kwanza. Baba zetu walikuwa na tabia ya kuandika mazazi ya watoto kwenye ukurasa wa mwanzo wa Msahafu. Andiko hilo halina muhuri, lakini linakuonyesha mwaka wa kutafuta kwenye daftari lenye muhuri.

Nimejifunza pia kuwazuia watu. Wapo wanaotaka kuongeza miaka ili wafike 60 mapema. Tarehe haikai peke yake: imefungwa na ajira, pensheni, ndoa na umri wa watoto. Ukiisogeza bila ushahidi, utakuta mama yako amekuzidi kwa miaka kumi tu. Omba kilicho kweli tu.

4. Kabla ya karatasi kulikuwa na mtu, na bado yupo

Waliorejea miaka ya sabini wengi walipokelewa kwa neno la sheikh wa kabila. Mharthi, Mbarwani au Mmaskari alirudi kwa masheikh wake wa Sharqiyah, Mriyami na Mkindi kwa wao wa Dakhiliyah. Sheikh aliuliza: babu yako nani, aliondoka na nani, nyumba yenu ilikuwa mtaa gani? Jibu likilingana na kumbukumbu ya wazee waliobaki, aliandika barua.

Kwa watu wa Sur neno hilo lilikuwa na uzito zaidi. Mababu zao walishuka na kaskazi kwenda Lamu, Mombasa na Unguja, wakapanda na kusi, na wengine wakaoa huku na huko. Mtoto aliyezaliwa Lamu na baharia wa Sur hakuwa na hati yoyote, ila kijiji kizima kilimjua baba yake.

Zanzibar nako mambo huanza hivyo hivyo, kwa barua ya sheha, kiongozi wa mtaa. Pensheni Jamii ilipoanza Aprili 2016, kwa wazee wa miaka 70 na zaidi na shilingi 20,000 kwa mwezi, sheha alikuwa miongoni mwa watu wanaomjua mzee kwa uso. Serikali mbili zilizo mbali zimekubali jambo moja: asiye na karatasi athibitishwe na anayemjua.

Tatizo ni kwamba shahidi hufa. Sheikh aliyemjua babu yetu amekwisha tangulia, na mwanawe anatujua kwa habari tu. Kwa hiyo barua ya zamani ya sheikh, hata kama imechakaa na kuliwa na nondo, usiitupe wala usiitoe mkononi bila kupiga nakala.

5. Kifo cha ng'ambo hakijulikani huku

Jirani yetu mjane alidhani kila mtu anajua mumewe amefariki, kwani hitima ilisomwa na mji mzima ulikuja. Lakini mume alifia Unguja na kuzikwa huko, na hakuna aliyepeleka cheti Ahwali. Kwenye kompyuta alikuwa hai, na mkewe bado ni mke wa mtu, asiyestahili malipo ya mjane. Cheti cha kifo kinahitaji mnyororo ule ule wa mihuri na tafsiri. Anayekwenda kuzika akumbuke kurudi nacho.

6. Laini ya simu nayo ni kitambulisho

Siku hizi maombi hufanywa mtandaoni, na mzee huthibitishwa ama kwa bataka yenye chipu na namba ya siri, ama kwa simu. Hapa ndipo nilipoona wazee wenye hati safi kabisa wakikwama. Laini ya bibi ilinunuliwa na mjukuu, kwa bataka ya mjukuu, kwa hiyo mbele ya serikali simu ile si ya bibi. Tanzania walilipata somo hili mwaka 2020, laini zisizosajiliwa kwa alama za vidole zilipoanza kuzimwa. Kaandikishe laini kwa jina la mzee mwenyewe, kisha iache hivyo.

Vidole navyo vina mambo yake. Aliyesuka makuti, aliyeshona kofia au kuchimba falaji, mfereji wa maji, miaka arobaini, alama zake zimefutika. Ami yangu alijaribu kidole hiki na kile, mashine ikakataa vyote. Kilichosaidia ni kunawa kwa maji ya uvuguvugu, kupaka mafuta kidogo na kufuta, kisha kujaribu vidole vya mkono asioutumia sana. Na bataka ikaguliwe tarehe ya kumalizika kabla ya yote, kwani iliyokufa haifungui mlango wowote.

Usipoweza mwenyewe, nenda ofisi ya Sanad, inayowasaidia watu kujaza maombi ya serikali. Zipo Ibra, Sur, Nizwa na miji midogo pia, na vijana wake wanazijua fomu. Kaa pembeni yao, soma kila wanachoandika, na uondoke na nakala. Akaunti ya benki iwe ya mzee mwenyewe, kwa jina lililo kwenye bataka.

7. Msaidizi ni mmoja, mwenye wakala ni mwingine

Mtoto kumshika mama mkono ofisini ni wema, lakini hakumpi mamlaka. Mzee asiyeweza kutoka kitandani anahitaji hati ya wakala kutoka kwa katibu adili, yaani mthibitishaji wa hati, na kwa aliyepotewa na akili inahitajika amri ya mahakama ya kumteulia msimamizi. Wakala hutolewa na mwenye akili timamu. Ukingoja mpaka mzee amekusahau jina, njia hiyo imefungwa.

Na mzee anapokuwepo, mwacheni ajibu mwenyewe. Mama yangu Kiarabu chake ni cha kuungaunga, lakini akiulizwa jina la babu yake hujibu haraka kuliko mimi. Sharqiyah hukosi mtu ofisini aliyelelewa na bibi wa Kiswahili, naye atafasiri kwa furaha.

8. Anayekuomba namba ya siri anakuibia

Fedha zilipoanza kuingia, simu nazo zikaanza kulia. Mtu anajitambulisha kwa sauti ya kiserikali, anasema malipo yamesimama, anataka namba iliyofika kwenye ujumbe. Wazee wetu walizoea kujieleza kwa makarani maisha yao yote, kwa hiyo hujibu. Tumewafundisha sentensi moja: nitakuja ofisini. Mkweli hatakasirika.

Haya yote yanakusanyika kwenye neno moja: hati za mzee zitengenezwe kabla fedha hazijahitajika, wakati yeye na mashahidi wake wapo. Wiki hii kaa na mzee wako. Soma bataka yake, mwulize majina mpaka babu wa nne, mwaka na mahali alipozaliwa, nani aliyemjua utotoni na bado yu hai. Andika, piga picha kila hati, tia kwenye faili moja. Kama wazee nyumbani ni wengi, anza na aliye mkubwa kuliko wote.